Bikizee wa Theluji Ana Jina: Barua ya Wazi kwa Wanaosimamia Filamu za Watoto za Ujerumani

Kwa wakuu wa hifadhi za filamu za Ujerumani, wakuu wa vituo vya televisheni vya umma, na wenye kampuni zinazosambaza filamu za zamani za watoto.

Waheshimiwa,

Nawaandikia kwa ajili ya mwigizaji aliyefariki mwaka 1988 jijini Berlin. Kila mwaka baridi ikishaingia, mwanamke huyu huingia katika sebule za watu, hukung'uta mfarishi wake dirishani, theluji ikaanguka duniani na watoto wakafurahi, kisha filamu ikaisha bila mtu kumtaja. Jina lake ni Mathilde Danegger. Ninachoomba ni kwamba popote mnapoipeleka filamu yake, jina lake lifuatane nayo, pamoja na maneno machache ya kweli kuhusu maisha aliyoyaishi.

Huenda mkashangaa kwa nini ombi hili linawafikia kwa Kiswahili. Mimi ni mama Mswahili, nimelelea watoto wangu Leipzig, na filamu hizi zimekuwa sehemu ya malezi yao. Tena uhusiano wa watu wetu na iliyokuwa Ujerumani Mashariki haukuanzia kwetu sisi tuliokuja juzi. Zanzibar iliitambua nchi ile mapema mwaka 1964, baada tu ya Mapinduzi, wakati nchi nyingi za Afrika zilikuwa bado zinasita. Nyumba za ghorofa za Kikwajuni na Michenzani zilijengwa kwa msaada wake, na vijana wetu walipelekwa huko kusoma. Wako wazee Unguja hadi leo wanaozungumza Kijerumani cha Leipzig na cha Dresden. Nchi ile ilikwisha mwaka 1990, lakini filamu zake za watoto zinaendelea kuonyeshwa, na watoto wanaozaliwa na Waswahili huku wanakua nazo. Kwa hiyo nazungumza kama mtu wa nyumbani, si kama mgeni anayechungulia dirishani.

Filamu ninayoisema ni "Frau Holle", yaani Bibi Holle, jina la bikizee mwenyewe, iliyotengenezwa na DEFA, studio ya serikali ya Ujerumani Mashariki, huko Babelsberg karibu na Berlin, na kutolewa mwaka 1963. Mwongozaji alikuwa Gottfried Kolditz, yule yule aliyeongoza "Schneewittchen" miaka miwili kabla. Hadithi yenyewe imo katika kitabu cha kwanza cha ngano cha ndugu Grimm, Wajerumani wawili waliokusanya ngano, cha mwaka 1812, na Mswahili yeyote aliyesimuliwa ngano utotoni ataitambua tangu mwanzo. Mama ana mabinti wawili, wake wa kumzaa na wa kambo. Wa kambo ndiye wa kazi zote. Siku moja anaangusha kisimani kijiti chake cha kusokotea uzi, anaambiwa akakitafute, anajitupa majini, na kule chini anajikuta kwenye bonde lenye jua na maua. Mikate inamwita kutoka kwenye tanuri aitoe isije ikaungua, mti wa tufaha unamwomba autikise kwa sababu umeelemewa na matunda, naye anafanya yote bila kuuliza atapata nini. Mwishowe anafika kwa bikizee mmoja anayeishi peke yake, anakaa kwake, anatandika kitanda chake vizuri na kukung'uta mfarishi mpaka manyoya yanapepea, na huku duniani ikawa theluji. Akirudi kwao anavikwa dhahabu. Nduguye mvivu naye anakwenda kwa tamaa, anarudi amemwagiwa lami.

Kwetu bikizee wa namna hii yuko porini au ng'ambo ya mto, na humpima msichana kwa adabu yake: atamsalimia vipi, atakubali kumsugua mgongo, atakula chakula atakachopewa bila kukunja uso? Watoto wangu walipoiona filamu hiyo hawakuhitaji kuelezwa chochote. Bibi yao alikwisha wasimulia.

Sasa mtazameni Danegger ndani yake. Katika maandishi ya Grimm, bikizee huyu ana meno makubwa, na msichana akimwona anataka kukimbia. Danegger hakuchukua njia ya kutisha. Alikuwa akikaribia umri wa miaka 60, na aliuacha uso wake uwe uso wa mtu mzima aliyechoka kidogo, anayefurahi kwa dhati kuona mtu mlangoni. Kolditz alimjengea ulimwengu wa kuchorwa, mandhari chache, kama kurasa za kitabu cha picha, hakuna pa kujificha kwa mwigizaji. Hakuna msitu wa kweli wala jumba la kweli la kumsaidia. Kuna yeye, sauti yake, mikono yake na mfarishi. Karin Ugowski, aliyeigiza binti mwema, alikuwa msichana wa miaka ishirini hivi, mwanzoni mwa kazi yake ya filamu. Anapozungumza na Danegger anaonekana kutulia, na utulivu ule unampitia mtoto anayetazama. Sijui filamu nyingi za watoto ambamo mzee anapewa heshima ya namna hiyo bila kugeuzwa mchawi au kichekesho.

Nilianza kumtafuta mwanamke huyu baada ya mchana mmoja wa Desemba, kwenye ukumbi ambao sitautaja. Bango la onyesho lilikuwa mlangoni, limechapwa vizuri, lina picha yake kubwa akiwa na kofia yake nyeupe. Juu yake kulikuwa na jina la ndugu Grimm, jina la mwongozaji, mwaka, dakika za filamu, umri unaoruhusiwa, bei ya tiketi, na chini kabisa alama za waliotoa fedha. Jina la mwenye uso ule halikuwepo. Nilimuuliza kijana aliyekuwa anakata tiketi, akatazama kwenye simu yake, akatazama karatasi walizopewa na msambazaji, akaniambia kwa upole kwamba hazisemi. Mtoto wangu mdogo ndiye aliyekuwa ameuliza kwanza: "Mama, huyu bibi ni nani?"

Basi huyu bibi ndiye huyu.

Alizaliwa Vienna mwaka 1903, katika ukoo wa waigizaji. Baba yake, Josef Danegger, alikuwa mtu wa jukwaa, na kaka yake Theodor naye aliishia kwenye jukwaa na filamu. Mathilde alianza kazi mapema, akafika hadi Berlin, mji ambao katika miaka ya 1920 kila mwigizaji anayezungumza Kijerumani alitaka kuufikia. Wanazi waliposhika madaraka mwaka 1933, njia yake ilielekea Uswisi. Mumewe wa wakati huo, Walter Lesch, alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa Cornichon, kabaree ya Zürich iliyofunguliwa mwaka 1934 na kuwakejeli Wanazi kwa nyimbo na vichekesho, mpaka ubalozi wa Ujerumani ukawa unalalamika. Mwaka 1935 walimpata binti yao, Karin. Huyu Karin nitarudi kwake.

Zürich ya miaka ile ilikuwa na jumba moja la maonyesho, Schauspielhaus, lililowapokea waigizaji waliofukuzwa au kukimbia Ujerumani: Therese Giehse, Wolfgang Langhoff aliyekuwa amepitia kambi ya mateso, na wengine wengi. Mwaka 1941, vita ikiwa imepamba moto Ulaya nzima, tamthilia ya mwandishi Mjerumani Bertolt Brecht "Mutter Courage" ilionyeshwa kwa mara ya kwanza duniani kwenye jukwaa hilo. Danegger alifanya kazi katika jumba hilo, pamoja na watu hao. Vilevile alikuwa miongoni mwa waigizaji wa "Marie-Louise", filamu ya Uswisi ya mwaka 1944 inayomhusu msichana wa Kifaransa anayepelekwa Uswisi kupumzishwa mbali na mabomu. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Oscar ya mswada bora, ya kwanza ya aina hiyo kwa filamu isiyo ya Kiingereza. Kabla hajawa bikizee wa kisimani, basi, alikwisha kuwa katika hadithi ya mtoto anayekimbia vita akafunguliwa mlango na watu asiowajua.

Baada ya vita aliingia Ujerumani, kwanza upande wa magharibi, kisha mwanzoni mwa miaka ya 1950 akahamia Berlin Mashariki. Alifanya kazi Berliner Ensemble, kundi la maigizo la Brecht, halafu Deutsches Theater, jumba la maonyesho lililokuwa likiongozwa na Langhoff yule yule wa Zürich. Mumewe wa pili, Herbert Crüger, alikuwa mkomunisti aliyewapinga Wanazi na kuishi uhamishoni kama yeye. Mwaka 1958 serikali ya nchi waliyoichagua wenyewe ilimkamata, ikamshtaki kwa uhaini na kumfunga. Aliachiwa mwaka 1961. Miaka miwili baadaye mkewe anaonekana kwenye filamu ya studio ya serikali ile ile, anamkaribisha msichana aliyeonewa nyumbani kwao, anampa kazi, chakula na pumziko, na kumrudisha kwa haki.

Sisemi kwamba alikuwa anaigiza maisha yake. Mwigizaji hodari hahitaji hilo, na sina haki ya kumsemea. Nasema kwamba nikiwa mtu mzima nikiutazama uso ule huku nikijua ulikotoka, naona filamu nyingine kabisa. Na nasema kwamba ujuzi huo mnao ninyi. Umo katika majalada yenu.

Hapa niseme kidogo kuhusu filamu za watoto za baada ya vita, kwa sababu bila hizo mtu hawezi kuelewa uzito wa jambo hili. DEFA iliundwa Mei 1946, mwaka mmoja tu baada ya Ujerumani kusalimu amri, na mwaka huo huo ikatoa filamu ya watoto, "Irgendwo in Berlin", iliyopigwa kwenye magofu yenyewe ya Berlin. Watoto wanacheza vita katikati ya kuta zilizobomolewa na vita. Mmoja wao, yatima, anapanda ukuta mrefu kuonyesha ushujaa, anaanguka, anakufa. Baba anarudi kutoka utekani amekwisha, hana nguvu hata ya kuokota tofali, na watoto ndio wanaoanza kufyeka kifusi cha gereji yake. Aliyeiongoza, Gerhard Lamprecht, alikuwa ameendelea kutengeneza filamu Ujerumani muda wote wa utawala wa Nazi. Wolfgang Staudte, aliyewapa watoto "Die Geschichte vom kleinen Muck" mwaka 1953, filamu iliyotazamwa na mamilioni kuliko karibu nyingine yoyote ya studio ile, alikuwa ameigiza nafasi ndogo katika filamu mbaya kabisa ya chuki dhidi ya Wayahudi ya mwaka 1940. Siwataji ili kuwashtaki. Staudte mwenyewe alitumia kazi zake za baadaye kulikabili jambo hilo. Nawataja kwa sababu watoto wa Ujerumani wa baada ya vita walisimuliwa hadithi na watu wazima wenye mizigo tofauti sana migongoni. Wako waliobaki, wako waliokimbia, wako waliofungwa. Kujua nani ni nani ni sehemu ya historia ya nchi yenu, na historia hiyo haimo katika filamu za watu wazima peke yake.

Tena Lamprecht huyo ndiye angepaswa kuwa mwalimu wenu katika hili. Kwa miaka mingi alikusanya filamu, picha, mabango na majina ya watu waliofanya kazi katika filamu zisizo na sauti, akaandika orodha yao tangu mwaka 1903, hata mafundi na waigizaji wadogo, na mkusanyiko wake ukawa msingi wa Deutsche Kinemathek, hifadhi ya filamu iliyofunguliwa Berlin mwaka 1963. Ni mwaka ule ule bikizee wetu alipokung'uta mfarishi wake. Mtu mmoja, kwa karatasi na kalamu, aliona kwamba jina la kila aliyeshiriki linafaa kuhifadhiwa. Ninyi mna kompyuta.

Majina hupotea vipi? Nimelifuatilia jambo hili kwa muda, na naona filamu za watoto hupoteza majina yake safarini. Filamu ya watu wazima ikivuka mpaka huenda na sifa za waigizaji wake, kwa kuwa ndiyo zinazouza tiketi. Ya watoto huuzwa kwa jina la hadithi. Chukueni "Das singende, klingende Bäumchen" ya mwaka 1957. BBC iliinunua katika miaka ya 1960, ikaikata vipande vitatu, ikaionyesha bila rangi ingawa ilipigwa kwa rangi, na juu ya sauti za Kijerumani ikaweka sauti ya msimulizi, Tony Bilbow. Kizazi kizima cha Waingereza walikua wanamwogopa yule kibeti wa filamu ile. Waulizeni binti mfalme mwenye kiburi aliigizwa na nani. Ni Christel Bodenstein, msichana aliyesomea dansi, na mwili wake wote unacheza hata anaposimama tu. Huko Uingereza wanaomjua kwa jina ni wachache mno.

Au Norway. Kila tarehe 24 Desemba asubuhi, televisheni ya taifa huko huonyesha "Drei Haselnüsse für Aschenbrödel", filamu ya ngano ya Sinderela ya mwaka 1973 iliyotengenezwa kwa ushirikiano wa Wacheki na DEFA, na sauti zote, za wanaume, wanawake na watoto, husomwa na mtu mmoja, Knut Risan. Wanorwe wanampenda na wana haki ya kumpenda. Lakini mdomo wa malkia unafunguka na sauti inayotoka ni ya mwanamume, na jina la malkia halisikiki.

Malkia huyo ni Karin Lesch. Ndiye yule mtoto aliyezaliwa mwaka 1935, binti wa Mathilde Danegger.

Niligundua hilo usiku mmoja nikiwa nimekaa jikoni, watoto wamelala, na kusema kweli machozi yalinitoka. Filamu hizi mbili huonyeshwa nchini mwenu kila Krismasi, mara nyingi katika wiki moja. Mama anakung'uta theluji katika moja, na katika nyingine binti amekaa kwenye kiti cha enzi huku nje theluji imetanda. Familia zinatazama zote mbili, mwaka baada ya mwaka, na hakuna anayewaambia kwamba wanawatazama mama na mwanawe. Watangazaji wenu wana nafasi ya kutuambia hali ya hewa na mapishi ya biskuti katikati ya vipindi. Sentensi moja tu ingetosha.

Waswahili tuna usemi, mcheza kwao hutuzwa. Danegger alicheza kwao, kwa lugha yake, mbele ya watoto wa nchi aliyoichagua, na tuzo la chini kabisa, kutajwa, linamkosa.

Najua mtanijibu kwamba majina yamo ndani ya filamu zenyewe. Ni kweli, yamo. Lakini kwenye mitandao ya kutazamia filamu leo, orodha ya majina ikianza tu skrini inapunguzwa kuwa kidirisha na filamu nyingine inaanza kuhesabiwa sekunde. Kwenye maelezo, ambapo mtu husoma kabla ya kubonyeza, mara nyingi wanaotajwa ni wawili watatu, na daima ni vijana: binti mfalme, mwana wa mfalme. Wanawake wazima wa filamu hizi, mama wa kambo, malkia, bibi, mpishi, hawafiki hapo. Elfriede Florin, aliyeigiza mama katika "Frau Holle" hiyo hiyo, yuko wapi kwenye maelezo hayo? Na huko Ujerumani Magharibi, ambako studio ndogo ndogo zilikuwa zikitengeneza hadithi hizi hizi kwa bajeti ya kubana, nani anamkumbuka Lucie Englisch kama Frau Holle wa mwaka 1961, mwaka ule ule ukuta ulipojengwa Berlin? Naye alizaliwa jirani na Vienna, mwaka mmoja kabla ya Danegger. Ujerumani mbili zilizokuwa hazisemezani ziliwapa watoto wao bikizee mmoja, na zote mbili zilimtafuta kwa Waaustria. Hilo peke yake lingetosha kwa kipindi kizuri cha redio.

Mtanijibu pia kwamba DEFA-Stiftung, iliyoanzishwa mwaka 1998 kuulinda urithi wa studio ile, inatunza orodha za waigizaji na inasafisha filamu kwa uangalifu mkubwa. Najua, na nashukuru kwa dhati. Bila kazi hiyo watoto wangu wasingeziona rangi zile. Ndiyo maana sisemi kwamba ujuzi umekosekana. Nasema ujuzi umewekwa mahali ambapo lazima mtu aende kuutafuta akijua anachotafuta, na filamu imewekwa mahali ambapo kila mtu anaiona. Hivi viwili vikutanishwe.

Wengine wataniambia watoto hawajali majina. Sikubaliani. Mtoto anayeipenda hadithi hutaka kujua aliyeisimulia. Nyanya zetu walipomaliza ngano, tuliwauliza: wewe uliisikia kwa nani? Walitutajia mtu, na mtu aliyemtangulia. Wangu waliponiuliza nikawaeleza kwamba bibi yule alikuwa mwigizaji, kwamba aliwahi kuikimbia nchi iliyotaka kuwatesa watu, akakaa ugenini miaka mingi, akarudi akafanya filamu kwa ajili ya watoto, walinyamaza, kisha mkubwa akasema, "Kumbe na yeye alikuja kutoka mbali." Watoto wa wahamiaji wana haki ya kujua kwamba katika filamu pendwa kabisa za Ujerumani mnakaa watu waliowahi kuwa wakimbizi. Jambo hilo linawafanya wakae sebuleni kwa raha zaidi.

Basi, waheshimiwa, ninachoomba hasa ni hiki. Mnapomkabidhi mtu filamu ya watoto aionyeshe, awe shule, maktaba, kanisa au kituo cha televisheni cha nchi ya mbali, mpeni pamoja nayo ukurasa mmoja wenye majina ya waigizaji wote wenye maneno ya kusema, na mistari michache kuhusu kila mmoja wa wale wakubwa. Wekeni katika mkataba kwamba bango lenye uso wa mtu libebe jina la mtu huyo. Kwenye mitandao yenu wenyewe, acheni orodha ya majina ipite mpaka mwisho. Sauti mpya ikiingizwa kwa lugha nyingine, aliyeigiza na aliyetoa sauti watajwe wote wawili. Gharama ya haya ni muda wa mfanyakazi mmoja aliyekabidhiwa kazi hiyo.

Kuna moja ambalo haliwezi kungoja. Walioigiza vijana katika filamu hizo miaka ya 1950 na 1960 sasa ni wazee sana. Hata waliokuwa watoto mbele ya kamera wamepita miaka 60. Wale walio hai na wanaokubali, nendeni mkawarekodi mwaka huu, na msiwaulize habari zao peke yao. Waulizeni habari za waliokuwa wakubwa wao: Danegger alikuwaje kazini, alizungumzaje na msichana aliyekuwa anaanza, alikula nini kantini ya Babelsberg, aliwahi kuitaja Zürich au alinyamaza? Mambo hayo hayamo kwenye jalada lolote, na wenye kuyajua wanapungua kila baridi.

Na kwa kuwa nimeandika kwa Kiswahili, naomba na la Kiswahili. "Frau Holle" ni filamu fupi, ya kama saa moja, na maneno yake si mengi. Iwekeni maandishi ya tafsiri ya Kiswahili chini ya picha. Watafsiri wapo, Kiswahili kinafundishwa katika vyuo vikuu vyenu, Leipzig ikiwemo, na wanafunzi wangeifanya kazi hiyo kwa furaha mkiwalipa inavyostahili. Bibi aliyeko Tanga au Bujumbura angeweza kuitazama kwa simu pamoja na mjukuu wake aliyeko Halle, na wote wawili wakaelewa. Mwanzoni andikeni jina la Mathilde Danegger kwa herufi kubwa, lisomeke hata kwenye simu ndogo.

Mwaka 2028 itatimia miaka 125 tangu azaliwe, 65 tangu filamu itoke, na 40 tangu afariki. Bado muda upo wa kutosha kupanga. Naomba Desemba ya mwaka huo muionyeshe "Frau Holle" na "Drei Haselnüsse für Aschenbrödel" jioni moja, moja baada ya nyingine, na katikati yake mtangazaji awaeleze watazamaji kwamba wamemwona mama, na sasa watamwona binti yake.

Nangoja jibu lenu, na nitalichapisha hapa hapa litakapofika.

Wenu kwa heshima,
Mama Mswahili, Leipzig